Juzuu mbili, kioo kimoja na neno overmorrow: tathmini yangu ya Oxford English Dictionary ya maandishi madogo

Kamusi hii niliinunua kwa sababu ya neno moja.

Nilikuwa nafasiri hadithi ya Kiswahili kwenda Kiingereza. Katikati ya hadithi yuko mdaiwa anayemzungusha mdai wake kwa maneno. Kwanza anasema kesho. Akifuatwa, keshokutwa. Akifuatwa tena, mtondo. Mara ya nne anasema mtondogoo, na hapo mdai anakaa kitako kizingitini na kukataa kuondoka. Utamu wote wa tukio hilo umo katika ngazi ile ya maneno manne: kila siku ina jina lake, jina moja, na kila jina linarudi nyuma hatua moja kuliko lililotangulia, kama mtu anayejitoa mkononi mwa mwenzake taratibu.

Kwa Kiingereza nilikwama ngazi ya pili. Kesho ni tomorrow, halina tabu. Keshokutwa ni the day after tomorrow: maneno manne kwa siku moja. Ukimtia mdaiwa wangu maneno hayo mdomoni, anaacha kukwepa na kuanza kuhesabu. Mtondo na mtondogoo ndiyo kabisa, kwani huna budi kusema baada ya siku tatu, baada ya siku nne, na tukio zima linageuka ratiba.

Mfasiri mwenzangu akaniambia Kiingereza kiliwahi kuwa na keshokutwa yake, overmorrow. Nikalitia kwenye mswada. Mhariri akalipiga mstari mwekundu na kuandika pembeni kwamba hakuna neno kama hilo. Sikuwa na la kumjibu. Mtandaoni neno hili limejaa, lakini limejaa katika orodha za maneno mazuri yaliyopotea, orodha moja ikinakili nyingine, na hakuna hata moja inayosema nani aliliandika, mwaka gani, katika sentensi ipi. Nilikuwa nataka shahidi. Kwa Kiingereza, nyumba kubwa ya mashahidi ni Oxford English Dictionary.

Niliyoipata ni ile ya mwaka 1971, toleo la maandishi madogo. Walichokifanya ni kuipiga picha kamusi yote ya kwanza, pamoja na nyongeza yake ya mwaka 1933, wakazipunguza kurasa hadi nne za asili zikaenea kwenye ukurasa mmoja. Juzuu 13 zikawa mbili: ya kwanza A hadi O, ya pili P hadi Z. Kila ukurasa wa asili ulikuwa na safu tatu, kwa hiyo ukifungua ukurasa mmoja wa toleo hili unakutana na safu 12 za maandishi ambayo jicho tupu haliyasomi. Juzuu hizo mbili hukaa ndani ya kasha, na juu ya kasha pana droo ndogo ya kioo cha kukuzia.

Droo yangu ilikuwa tupu. Muuzaji wa vitabu vilivyotumika alikuwa ameandika kwamba kioo kimo, nikalipa kwa bei ya kitabu chenye kioo, na nilipomwandikia hakujibu. Iliniuma, maana bila kioo vitabu hivi ni mapambo tu. Basi nasema mapema kwa yeyote anayetaka kununua nakala ya mitumba: omba picha ya droo ikiwa wazi. Nilitafuta kioo kingine, cha mviringo chenye taa, cha watu wanaokusanya stempu. Sasa naona kinashinda hata hicho kilichopotea, kwa sababu karatasi ni nyembamba na wino wa upande wa pili hupenya kidogo, na mwanga wa karibu husaidia sana kutenganisha herufi.

Kuhusu uimara sina malalamiko. Jalada ni gumu, kurasa hazijachomoka licha ya umri. Uzito ndio wa kuzingatia. Huwezi kuisoma ukiwa umejilaza, wala huwezi kuishika juzuu moja kwa mkono mmoja. Inataka meza, inataka kiti kilichonyooka, inataka uinamie. Baada ya saa nzima shingo hudai haki yake.

Sasa turudi kwenye neno. Overmorrow liko karibu na mwisho wa juzuu ya kwanza, na kulifikia kunahitaji subira, kwa sababu kiambishi over- kwa Kiingereza ni msitu. Kuna maneno ya over- safu baada ya safu, mengi yakiwa yametumiwa mara moja au mbili na mtu mmoja karne kadhaa zilizopita kisha yakaachwa. Nilipita juu yake polepole na kioo changu, na siku ile sikujali kuchelewa. Mpwa wangu alikuwa amekaa kando yangu, akaomba zamu yake ya kioo. Akatulia, kisha akauliza, "Shangazi, mbona maneno mengine yana kimsalaba?"

Nikamweleza kwamba alama ile inasema neno hilo halitumiki tena. Wachapaji wa Kiingereza huiita jambia. Mpwa wangu akasema, "Basi hapo limezikwa." Nikamwambia aendelee kushuka na safu.

Overmorrow lina kimsalaba. Lina maana yake fupi, siku inayofuata kesho, na lina shahidi niliyekuwa namtafuta: Biblia ya Miles Coverdale ya mwaka 1535, Kitabu cha Tobiti, sura ya 8, aya ya 4.

Hapa ndipo ilipo thamani ya kamusi hii, na naomba nikae kidogo. Kamusi ya kawaida hukuambia neno lina maana gani. Hii hukupa anwani. Imekuonyesha mtu, mwaka, kitabu, sura, halafu inakuacha uende mwenyewe. Nami nikaenda.

Tobia amemwoa Sara. Waume saba wa Sara wameshakufa kabla yake, kila mmoja usiku wa harusi, wakiuawa na pepo Asmodeo. Kaburi la wa nane liko tayari kuchimbwa. Ndani ya chumba, mlango umefungwa, Tobia anamwambia mkewe ainuke wamwombe Mungu leo, kesho na overmorrow. Siku tatu, maneno matatu. Ukisoma ukiwa unajua yaliyowapata wale saba, unasikia jinsi anavyozitaja siku moja moja, kana kwamba kuitaja siku ni kuomba waifikie. Sikutegemea kwamba neno nililolitafutia mdaiwa mwongo lingenipeleka kwenye chumba kile.

Coverdale alisema waziwazi kwenye ukurasa wa mbele wa Biblia yake kwamba ameifasiri kutoka Kijerumani na Kilatini. Kilatini mahali hapo kina maneno mawili, secundum cras, yaani kesho ya pili. Kijerumani kina übermorgen mpaka leo, na kila mtoto wa Kijerumani hulisema. Kiholanzi na Kidenmaki wana overmorgen. Mtu aliyekaa na lugha za namna hiyo mezani, naona mimi, hakuwa na sababu ya kuandika maneno manne palipotosha moja.

Nikafungua pia Biblia ya Kiingereza ya mwaka 1611, ile ya Mfalme James, kuona waliifanyia nini aya hiyo. Siku tatu hazimo kabisa. Tobia anainuka kitandani, anamwambia Sara wainuke waombe Mungu awahurumie, basi. Wafasiri wa 1611 waliifuata matini ya Kigiriki, na Kigiriki cha aya hiyo hakitaji leo wala kesho wala keshokutwa. Kwa hiyo Biblia ya Kiingereza iliyosomwa kuliko zote haikuwa na mahali pa kulitia neno hili hata kama wafasiri wake wangelipenda. Mimi ninayeishi kwa kufasiri nilikaa kimya mbele ya jambo hilo kwa muda. Tumezoea kufikiri neno hufa kwa sababu watu wamelichoka. Hapa neno lilikosa kazi kwa sababu mfasiri alichagua matini nyingine ya kuanzia.

Umbo la neno ni jepesi ukilivunja. Morrow zamani ilikuwa asubuhi. Salamu ya good morrow ni ya asubuhi. Kutoka asubuhi likahamia siku inayofuata, maana siku inayofuata huanza pale panapokucha. Tomorrow lenyewe lilikuwa maneno mawili, to na morrow, na ndani ya kamusi yangu bado limeandikwa kwa kistari katikati. Over ni ng'ambo, upande wa pili wa kitu. Overmorrow basi ni ng'ambo ya asubuhi ijayo. Sisi kesho yetu inakaa jirani na kukesha, na kutwa iliyo ndani ya keshokutwa ndiyo ile ya kushinda kutwa. Lugha mbili zisizo na undugu, na zote mbili zikitafuta jina la siku zimeenda kuuliza usiku na mapambazuko.

Kiingereza kilikuwa nazo nyingine za aina hii. Ereyesterday ni juzi. Yestreen ni jana jioni. Sennight ni usiku saba, yaani wiki. Fortnight, usiku 14, imenusurika, na Waingereza hawaoni ajabu kuitumia kila siku huku Wamarekani wengi wakiikwepa. Hesabu ilikuwa ya usiku, siyo ya mchana. Haya yote niliyakuta kwa kurukaruka ndani ya juzuu mbili hizi, kila neno likinisukuma kwa jingine, na sijawahi kupata raha ya namna hiyo kwenye skrini.

Lakini msomaji anayetaka kuinunua lazima ajue imepangwaje, asije akadanganyika. Kamusi hii inafuata historia. Maana ya kwanza utakayoikuta ni ya kale zaidi, siyo ya kawaida zaidi. Ukifungua nice utakutana kwanza na mtu mjinga, kwa sababu neno lilitoka kwa Kilatini nescius, asiyejua, na ndivyo lilivyoanza maisha yake kwa Kiingereza. Ukifungua girl utaambiwa kwanza mtoto, wa kike au wa kiume. Mwanafunzi wa lugha anayesoma mstari wa kwanza na kufunga kitabu ataandika vioja. Inabidi ushuke na safu, miaka ikipita, uone neno likigeuka. Kwa wanaojifunza Kiingereza cha kuwasaidia kazini, nasema bila kusita: hii siyo kamusi yenu ya kwanza, wala ya pili. Matamshi pia yameandikwa kwa mfumo wa mhariri mwenyewe, siyo ule wa kimataifa tuliouzoea, na sijautamani kujifunza.

Mhariri huyo ni James Murray. Wazo lilianza mwaka 1857 kwenye Chama cha Filolojia cha London. Murray alipokabidhiwa kazi mwaka 1879, makubaliano yalikuwa miaka kumi na juzuu nne. Miaka mitano baadaye, mwaka 1884, kikatoka kitabu cha kwanza, na kilikuwa kimefika neno ant. Kamusi ilikamilika mwaka 1928. Murray alikuwa ameshafariki mwaka 1915. Herufi O, pamoja na A hadi D, H hadi K, P na T, ni ya mkono wake, kwa hiyo overmorrow lilipita mezani pake. Najua watu wengi hawajali kitu kama hicho. Mimi ninajali. Nikiinama na kioo changu juu ya safu ile nafikiria kibanda chake cha bati kilichojaa vikaratasi, maana kazi yote ilifanywa kwa vikaratasi: Murray aliwaomba wasomaji wa kawaida wasome vitabu, wanakili sentensi yenye neno, waandike mwaka na ukurasa, wamtumie kwa posta. Wakatuma mamilioni. Mmoja wa waliotuma nyingi, William Chester Minor, daktari wa zamani wa jeshi la Marekani, alizituma kutoka hospitali ya wagonjwa wa akili ya Broadmoor, alikokuwa amefungwa baada ya kumuua mtu. Toleo la kwanza lina maneno makuu 414,825 na sentensi za ushahidi 1,827,306. Nyuma ya kila sentensi kuna mtu aliyekaa chini akanakili.

Kwa namna hiyo ya kufanya kazi, kikaratasi kupotea si jambo gumu. Neno bondmaid, mjakazi, lilipotea hivyo: kitabu kikachapwa bila neno hilo, kosa likagundulika miaka kadhaa baadaye, na neno likapata nafasi kwenye nyongeza ya 1933. Appendicitis liliachwa kwa makusudi kama lugha ya madaktari tu, halafu mwaka 1902 kutawazwa kwa Mfalme Edward VII kukaahirishwa kwa sababu ya ugonjwa huohuo, na neno likawa mdomoni mwa kila mtu.

Na kuna jingine ambalo kwangu haliko kwenye kundi la visa vya kuchekesha. Neno African halikuwamo. Murray alilikuta mapema kabisa, ndani ya herufi A, akaamua kwamba vivumishi vya namna hiyo, vya majina ya mahali, havistahili kuingia. Mbele zaidi, ndani ya herufi hiyohiyo, akalikuta American, na hilo akalipokea, kwa hoja kwamba limekuwa na maana zake za pekee. Alieleza mwenyewe kwenye dibaji. Mashahidi wa neno African walikuwapo, vitabu vya Kiingereza vilikuwa vimejaa neno hilo kwa karne nyingi, na mlango ukafungwa. Baadaye lilirekebishwa. Lakini ukiinunua hii ya 1971 unanunua picha ya toleo lile la kwanza, pamoja na uamuzi ule. Naitaja kwa sababu ninaipenda kamusi hii, na nisingetaka msomaji wangu akutane na pengo hilo peke yake.

Ipo pia ya mtandaoni tangu mwaka 2000, na hiyo ndiyo hai. Toleo la pili la karatasi lilitoka mwaka 1989 katika juzuu 20. Tangu hapo wahariri wanaipitia upya kamusi nzima, na walianza na herufi M, kwa hiyo O imeshapitiwa. Mtandaoni kila neno lina alama ya kuonyesha linatumika kwa wingi gani, ngazi ya kwanza ikiwa ya yale adimu kabisa. Unaweza kutafuta kwa mwaka, kwa mwandishi, kwa lugha ya asili. Mwaka 2022 waliingiza kundi zima la maneno ya Kiingereza cha Afrika Mashariki, na ndani yake mna sambaza, jembe na jua kali. Ninayo furaha kuliona jembe likiwa na safu yake huko. Ni huduma ya kulipia, ila maktaba nyingi za Uingereza huwafungulia wanachama wao bila malipo, na vyuo vingi vina njia ya kuingilia. Uliza kabla ya kutoa pesa yako. Mtu anayehitaji jibu la haraka, au anayeshughulika na maneno ya miaka hii, achukue hiyo. Yangu haijui kompyuta ya mezani ni kitu gani.

Kwa nini basi mimi nimebaki na ya karatasi? Kwa sababu ya msitu ule wa over-. Mtandaoni ningeandika overmorrow, ningepata overmorrow, ningeondoka. Hapa nililazimika kupita mtaani kwake, nikaona majirani zake wanavyoishi, wangapi wana kimsalaba, wangapi wamebaki. Nilijua neno langu limekaa kati ya watu wa aina gani. Kwa mfasiri hilo ni nusu ya uamuzi.

Maana kulipata neno hakunipi ruhusa ya kulitumia ovyo. Nilimpa rafiki yangu, Mwingereza asiye mtu wa vitabu, sentensi tatu zenye overmorrow bila kumweleza chochote. Ile ya kwanza, iliyosema tutaonana overmorrow, aliifikiri kidogo akadhani ni siku nyingi zijazo. Ya pili, iliyotaja overmorrow kama jina la siku, aliona ni jina la mahali. Ya tatu ilikuwa na tomorrow na overmorrow zikifuatana, naye akacheka na kusema, "Ah, ile inayofuata." Sikio la Mwingereza wa leo likisikia over huwaza kitu kilichozidi kipimo, siyo kitu kilicho ng'ambo. Ndugu yake tomorrow akiwa amesimama karibu, maana inajifungua yenyewe. Akiwa peke yake, anapotea.

Kwa hiyo ushauri wangu kwa wenzangu wanaolitamani ni huu. Litumie pale tomorrow imetangulia muda huohuo, katika pumzi moja ikiwezekana. Mpe mtu mzee alitamke, au hadithi ya zamani, au mtu anayechezea maneno kama mdaiwa wangu. Usiliweke kwenye barua ya kazi, wala kwenye mkataba, wala kwenye habari za mgonjwa na dawa zake, mahali ambapo mtu akikosea siku anaumia. Na usiliweke mara mbili kwenye kitabu kimoja. Mara ya kwanza msomaji anafurahi kulitambua. Mara ya pili anakuona wewe mfasiri umejitokeza nyuma ya pazia.

Kwa kamusi yenyewe, mfasiri wa maandishi ya zamani, mwalimu wa fasihi, mwandishi, mtu yeyote anayependa kujua neno limetoka wapi, ainunue akiipata ikiwa kamili, na aihakiki droo. Mwenye macho yanayochoka haraka asijilazimishe, nasema kwa mapenzi. Mwenye nyumba yenye watoto aiweke wanapoweza kuifikia. Mpwa wangu sasa akija huenda kwenye kasha kabla hajaja kwangu, na ana daftari anamoandika maneno yenye kimsalaba anayotaka yafufuliwe. Ukurasa wa kwanza ameandika overmorrow. Chini yake kuna mengine 11, na mawili kati ya hayo nimeshayaazima.

Mhariri nilimtumia picha ya safu, pamoja na aya ya Coverdale. Alikaa nayo siku mbili, kisha akafuta mstari wake mwekundu. Akaniuliza vipi kuhusu mtondo na mtondogoo. Nilimwambia nimetafuta A hadi Z, na Kiingereza hakina, hata chini ya msalaba. Ngazi yao iliishia pale pa pili. Basi tumekubaliana kwamba mdaiwa apande ngazi mbili kwa Kiingereza na mbili kwa lugha yake, bila maelezo, bila tanbihi, na msomaji atamfuata kwa mdundo. Kwenye mswada uliokwenda kuchapwa anajibu hivi kila anapofuatwa: Tomorrow. Overmorrow. Mtondo. Mtondogoo. Na mdai anakaa kitako kizingitini.